Boti Iliyokaa Mahakamani

Kuku wa karani alitotoa vifaranga ndani ya boti yangu, kisha karani akaja kuniomba nisikasirike. Ilikuwa siku ya kesi. Nilikuwa nimetoka mwaloni Ikola, ufukweni tunakoegesha boti, alfajiri, nimepanda kwa miguu hadi mahakama ya mwanzo, nimekaa kwenye benchi mpaka jua limefika utosini, ndipo nikaambiwa shauri langu limekuja kwa ajili ya kutajwa tu, si kusikilizwa. Likatajwa. Tukapewa tarehe nyingine. Nilipotoka nje nikamkuta yule kuku mwekundu amelala ndani ya boti, nyuma kabisa, penye kivuli cha ubao, ananikodolea macho kana kwamba mimi ndiye niliyevamia kwake.

"Mama, muache tu," karani akasema. "Vifaranga wakipata nguvu atahama mwenyewe."

Nikamwambia kuku wake ana bahati, maana anajua atahama lini.

Boti ilikuwa pale kwa amri. Uwanja wa mahakama yetu uko juu, mbali na maji, udongo mwekundu mtupu usio na hata mti wa kujificha jua, na katikati ya uwanja huo ndipo ilipolazwa boti yangu ya kuvulia dagaa, juu ya magogo, mdomo umeelekea mlango wa mahakama. Watu waliokuja na kesi zao za mbuzi na za mipaka ya mashamba waliizunguka wakiipigapiga ubavuni na kuulizana imefikaje huku. Wengine waliingia ndani wakakaa kula mihogo wakisubiri kuitwa. Niliwatazama kwa hasira ambayo sikujua niiweke wapi, maana si wao walioileta.

Aliyeileta ni shemeji yangu, mdogo wa marehemu mume wangu. Maisha yake yote ameyamaliza machimboni, huko kwenye mashimo ya dhahabu, na ziwani alikuwa akija kwa mwaka mara moja kula samaki na kuondoka na mfuko wa wengine. Boti ile tuliitengeneza mimi na mume wangu. Mbao za mninga tulizinunua kidogo kidogo, yeye akivua kwenye boti za watu na mimi nikianika dagaa mchangani, na fundi alikuwa akipigilia ubao mmoja, tunasimama, tunatafuta mwingine. Ilichukua muda mrefu hadi watoto wa mwaloni wakawa wanauliza kama ile ni boti au ni kitanda. Siku tuliyoishusha majini mume wangu alikunywa mpaka akalala ndani yake, nami nikamwacha, kwa sababu nilikuwa na furaha.

Alipofariki, arobaini haijapita, shemeji alitokea na miwani yake ya jua. Akakaa kwenye kigoda cha marehemu. Akasema kwa macho makavu kabisa kwamba boti ni mali ya ukoo, kaka yake alikuwa mwangalizi tu, na mimi nitarudishwa kwetu kwa heshima zote. Alisema "kwa heshima zote" kama mtu anayekupa zawadi. Nilimuuliza ni nani katika ukoo wao aliyewahi kushika hata nyundo ya ile boti. Akaniambia, "Shemeji, usiwe mkali, mambo haya yana utaratibu." Basi nikaenda mahakamani, nikafungua shauri, nikidhani utaratibu ndio huo.

Siku ya kwanza kabisa alisimama mbele ya hakimu akasema nina mpango wa kuvusha boti ng'ambo, Kongo, nikaiuze huko. Sijawahi kufika Kongo. Hakimu wa wakati ule, mtu mwenye haraka ya kwenda kula, akaamuru boti itolewe majini ihifadhiwe kwenye uwanja wa mahakama mpaka shauri liishe. Ikapakiwa kwenye tela la trekta. Vijana waliokuwa wakiisukuma walikuwa wanakufa kwa kicheko, kwani hakuna aliyewahi kuona boti ikipanda mlima. Mimi nilitembea nyuma ya tela na khanga kichwani kama ninayesindikiza maiti.

Asiyekaa ziwani hawezi kujua ubaya wa amri ile. Boti ya mbao si meza. Ikitolewa majini lazima inyweshwe, asubuhi na jioni, ndani na nje, na ifunikwe magunia yaliyolowa. Usipofanya hivyo mbao zinasinyaa, zinaachana, pamba iliyoshindiliwa kwenye maungio kwa mafuta ya mawese inakauka na kudondoka, na baadaye ukiirudisha ziwani inajaa kama kapu. Serikali inapolifunga ziwa ili samaki wazaliane, mwalo wetu mzima huwa ni watu na ndoo. Na kwetu ukitaka kujua boti ni ya nani, huulizi mtu. Unatazama nani anaimwagia maji. Mwenye boti hamwachii mwingine kazi hiyo. Hata mgonjwa anabebwa akamwage ndoo moja, aonekane.

Kwa hiyo kila nilipokuwa na tarehe, na siku nyingi zaidi ambazo sikuwa nayo, nilipanda na ndoo yangu. Palikuwa na bomba nyuma ya ofisi ya karani. Nilichota, nikamwaga, nikachota, nikamwaga, nikafunika magunia. Hakimu alikuwa akiniona kupitia dirishani na nadhani aliniona mwehu, lakini hakunizuia. Mbao zilinishukuru. Ukiweka sikio ubavuni mwa boti iliyokauka ukaimwagia maji, unaisikia inavyoyavuta.

Shemeji naye aliniona. Yeye ni mtoto wa ziwa hata kama amelikimbia, na alijua vizuri watu pale uwanjani wanasema nini wakiniona na ndoo. Tarehe iliyofuata akanyoosha mkono.

"Mheshimiwa, huyu shemeji yangu anajitengenezea ushahidi."

"Ushahidi gani?" hakimu akauliza.

"Anaimwagia maji boti. Naomba mahakama imzuie."

Hakimu huyo alikuwa amezaliwa sehemu ambako maji yanatoka kisimani na mtumbwi ni picha kwenye kitabu. Akatutazama wote wawili, akachoka. Akaamuru kwamba kuanzia siku ile hakuna mdai wala mdaiwa atakayegusa kielelezo, yaani boti, kwa namna yoyote. Niliomba kusema. Akaniambia nitasema siku ya kusikilizwa. Nikamuuliza ni lini. Akafungua shajara yake, akafunua kurasa nyingi, akatupa tarehe ya kutajwa.

Hapo ndipo nilipoanza kumchukia shemeji kwa namna ambayo sikuwa naijua. Kabla ya hapo nilimwona mlafi tu. Lakini mtu anayezuia maji yasimwagwe kwenye boti anayosema ni ya baba zake, huyo haitaki boti. Anataka mimi nisiwe nayo.

Sasa sikilizeni kesi yangu ilivyokwenda. Ilitajwa. Hakimu alikuwa semina, ikatajwa na karani. Hakimu alikuwa likizo. Hakimu alirudi, shahidi wa shemeji akawa anaumwa mgongo. Mgongo ulipona, mtandao ukawa chini. Mtandao uliporudi, jengo likawa linapakwa rangi. Kisha hakimu akahamishwa, akaja mwingine, kijana msafi mwenye kalamu nyingi mfukoni, akasema hajalisoma faili. Akalisoma kwa muda aliotaka, halafu akasema baadhi ya kurasa hazisomeki na tungoje. Mimi darasa la saba, lakini ningeweza kumsomea kesi yangu nzima bila kurasa: boti ni yangu, mnaiua.

Maana ilikuwa inakufa kwelikweli, mbele ya macho yetu. Siku moja tukiwa ndani kutajwa, ubao ulilia huko nje, mlio kama wa mtu anayevunja kuni kwenye goti. Watu wote waligeuka. Hakimu akauliza nini hicho. Nikasema, "Ni kielelezo, mheshimiwa." Watu wakacheka na yeye akaandika kitu. Nilipotoka nikakuta ufa ubavuni, chini ya ubao wa tatu, unapitisha vidole vyangu. Mwezi mwingine ulipitisha kiganja. Pamba ilikuwa inaning'inia kwenye maungio kama uzi wa nguo iliyofumuka, na yule kuku mwekundu alikuwa akiichomoa anatandikia kiota chake. Pamba ile ilishindiliwa na mikono ya mume wangu. Nilisimama nikimtazama kuku anaibeba mdomoni, na amri ya mahakama ilinikataza hata kuiokota.

Na shemeji kila tarehe alinisalimia. "Shikamoo shemeji." Lazima uitikie, watu wanakutazama. Nikasema marahaba huku meno yamebana. Kisha angeketi upande wa pili wa benchi, miguu ameinyoosha, anachezea simu, mtu asiye na shida yoyote duniani. Alikuwa hana haja ya kushinda. Alichohitaji ni kalenda tu.

Nami nilikuwa nimerudi mchangani kuanika dagaa wa wengine. Nilikuwa mwenye boti. Watu walikuwa wanakuja kwangu alfajiri kuomba nafasi ya kuvua. Sasa nilikuwa ninainama siku nzima kugeuza dagaa wa jirani yangu ambaye zamani nilimpa kazi, na jioni ananipimia kwa kopo. Alikuwa mtu mwema, ananipimia likiwa limejaa hadi linamwagika. Wema wake ulinichoma kuliko ubaya wa shemeji.

Dada yangu mdogo anaishi Ilembo, huko Mpanda, na analima mahindi Kasokola. Nilipanda basi nikaenda kwake na uso wangu wa kesi. Hakuwa na muda wa kunionea huruma. Alinipa jembe, akasema tutaongea shambani. Tukapalilia. Nikamweleza yote, na yeye akanisikiliza hadi mwisho wa mstari.

"Dada, wewe unawalalamikia watu walewale wanaokuchelewesha," akasema. "Kwani huyo hakimu hana mkubwa?"

"Anaye."

"Basi kesho nenda kwa mkubwa wake. Na usilie. Ukilia watakupa maji ya kunywa na kukusindikiza mlangoni."

Sikulia. Nilikwenda mahakama ya juu na malalamiko yangu kwenye karatasi moja, nikakaa kwenye kiti cha plastiki mpaka wakachoka kuniona. Mkubwa mwenyewe alikuwa mtu mfupi mwenye sauti ndogo. Alisoma, akanitazama juu ya miwani.

"Mama, unaomba mahakama hii ifanye nini hasa? Uamuzi hatuwezi kukupa hapa, shauri liko chini."

"Sikuomba uamuzi, mheshimiwa. Kama ni yake apewe. Ila waseme upesi, maana mbao zinapasuka."

"Mbao?"

Nikamweleza. Nikamwambia wanapoahirisha wao wanaona wameahirisha karatasi, lakini pale nje kuna kitu kinachokauka, na siku watakayosema ni ya nani patakuwa pamebaki kuni. Nilisema kwa ukali kuliko nilivyokusudia. Aliandika, akamwita mtu akamwambia faili liletwe. Nilirudi Ikola nisijue kama nimesaidiwa au nimefukuzwa kistaarabu.

Nilikuwa nimesaidiwa. Mahakama ya juu ililiita faili, ikalikagua, ikalirudisha na maelekezo: shauri lisikilizwe mfululizo, lisiahirishwe bila sababu ya maana iliyoandikwa, na hukumu itoke kabla mwezi unaofuata haujaisha. Karani ndiye aliyeniambia, kwa kunong'ona, kana kwamba ni habari ya msiba. Na kwa upande wa hakimu ulikuwa msiba hasa.

"Mama, kwa hiyo umenishtaki," hakimu akaniambia tulipoitwa.

"Sikukushtaki, mheshimiwa. Nimeshtaki tarehe."

"Ulitaka haraka. Sasa nisisikie mtu anaomba muda. Shahidi wako wa kwanza yuko wapi?"

"Ndiye mimi."

"Panda."

Nikapanda kizimbani nikiwa bado na vumbi la njiani miguuni. Kalamu yake ilikuwa inachimba karatasi. Aliniuliza maswali kama mtu anayefukuza mbwa, nami nikamjibu vivyo hivyo, na kwa mara ya kwanza ile kesi ikawa kesi. Hasira yake ilinifaa kuliko upole wa wote waliomtangulia. Fundi aliyeijenga boti alisema yake, jirani yangu wa mwaloni akasema yake, na jua halijageuka upande wangu ukawa umekwisha. Sikuamini. Jambo ambalo nililisubiri hadi nywele zikabadilika rangi lilikuwa kazi ya asubuhi moja.

Shemeji aliomba tarehe. Hakimu akamwonyesha kwa kidole ile karatasi ya maelekezo na kumwambia kama anataka tarehe akaiombe huko huko juu. Sijawahi kumwona shemeji akitoa jasho, hata machimboni nadhani hakutoa. Shahidi wake mmoja, mjomba wao, alisema boti iliachwa na babu. Shemeji mwenyewe akasema ilinunuliwa na baba. Hawakuwa wamepata muda wa kukaa chini kupangana. Walizoea kwamba muda upo.

Kisha hakimu akaniuliza kama nina swali kwa mdaiwa. Wakili sikuwa naye. Nilikuwa na maswali mengi ya matusi, nikayameza, nikabaki na moja.

"Shemeji, ziwa likifungwa, hii boti ilikuwa inanyweshwa na nani?"

Akatazama chini. "Wewe na kaka."

"Na kaka alipofariki?"

"Wewe."

"Ulikuja hapa ukaomba nizuiwe kumwaga maji. Uliogopa nini?"

Akageukia mlangoni. Hakimu akamwambia ajibu, kwa ile sauti yake ya haraka. Shemeji akavua miwani, akaifuta kwa shati, na nadhani alikuwa amechoka tu kukimbizwa, maana alisema kweli.

"Niliogopa watu wangejua ni yake."

Watu wa ziwa waliokuwa kwenye mabenchi ya nyuma waliguna wote pamoja. Hakimu akainua kichwa, hakuelewa. Akamuuliza, "Wangejuaje?" Shemeji ikabidi amweleze mwenyewe, kwa mdomo wake, desturi yetu ya ndoo, na hakimu akaandika neno kwa neno. Alipomaliza aliweka kalamu chini, akaenda dirishani, na kwa mara ya kwanza tangu ahamie kwetu akaitazama boti kama kitu chenye mwenyewe. Hakusema pole. Sikuwa naitegemea.

Hukumu ilisomwa ndani ya muda walioelekezwa. Boti ikawa yangu. Sikumngoja mtu. Trekta lilikuwa linanisubiri nje tangu asubuhi, kwa sababu nilishajiambia nikishinda nisilale, na nikishindwa nilipande nirudi nalo. Tulimtoa kuku wa karani na vifaranga wake, wakapiga kelele kuliko shemeji. Tukateremka.

Mwaloni waliiona, wakaacha kazi. Ilikuwa mbaya. Iligeuka rangi ya majivu, mataruma, mbao zake za ndani, yanatokeza kama mbavu za mgonjwa, na ule ufa wa ubao wa tatu unaonyesha ng'ambo. Jirani yangu akaniambia niipasue mbao nijengee choo. Nikamwambia akajenge chake. Boti iliyokauka hivyo ina dawa moja tu, nayo ukiieleza kwa mtu wa bara anacheka: unaizamisha. Unaisukuma hadi kwenye maji ya kifuani, unaijaza mawe mpaka iketi chini, unaiacha inywe. Mbao zikikumbuka zilivyokuwa, zinavimba, zinarudiana. Zisipokumbuka, ndiyo basi. Nilibeba mawe mwenyewe pamoja na wanawake wa dagaa, jioni ikatukuta humo, na boti ikatoa mapovu, ikazama. Nilisimama kwenye maji nikalia sasa, kwa kuwa dada yangu hakuwepo kunikataza.

Siku chache baadaye shemeji alikuja mwaloni na mtendaji wa kijiji. Miwani imerudi usoni. Alikuwa amekata rufaa mahakama ya juu, ile ile iliyomkimbiza, na safari hii yeye ndiye aliyekuwa na haraka; siku ya hukumu yenyewe alipanda basi, akafika, akaomba boti isiguswe hadi rufaa isikilizwe, akapewa amri. Alimpa mtendaji karatasi aisome kwa sauti, mbele ya watu wote na dagaa wao.

Mtendaji akasoma. Boti yenye mgogoro ibaki mahali ilipo na katika hali iliyopo. Mtu yeyote asiisogeze, asiifanyie matengenezo, asiitumie, hadi rufaa itakapoamuliwa.

"Iko wapi?" mtendaji akauliza.

Nikanyoosha mkono ziwani.

Shemeji alitazama maji. Alipoandika maombi yake alikuwa ameiacha uwanjani, juu ya magogo, juani, na alidhani bado iko huko akingali njiani kwenda kuiombea ibaki. Niliona anavyoelewa, kidogo kidogo, kuanzia kidevuni.

"Itolewe," akasema. "Irudishwe mahakamani."

"Mahali ilipo," mtendaji akasoma tena. "Katika hali iliyopo. Sasa nyie mnataka nifungwe?"

"Lakini imezama."

"Ndiyo hali iliyopo."

Wanawake wa dagaa walicheka hadi wakakaa chini. Mimi sikucheka, nilikuwa nimekasirika mno. Boti ilikuwa yangu na sikuruhusiwa kuipanda. Nilikuwa nimeinama kwenye mchanga wa mtu mwingine bado, na ningeendelea kuinama. Shemeji aliniambia, "Shemeji, haya yataisha tu." Nikamwambia sina shaka.

Kesho yake dada yangu akapiga simu kutoka Ilembo. Alisema sasa najua mlango, nirudi kwa mkubwa yule yule, nimwambie rufaa nayo isikilizwe upesi. Nikamwambia asithubutu hata kuwaza. Akadhani simu inakatakata.

Huwa naenda kuoga pale boti ilipozama. Amri haikumkataza mtu kuoga. Juzi karani wa huko juu alinipigia nikiwa njiani na ndoo yangu ya nguo, akaniambia rufaa ilikuja kwa ajili ya kutajwa lakini mheshimiwa hayupo, yuko semina, tutapangiwa tarehe. Alikuwa mpole, ananiomba radhi kwa usumbufu. Nikamwambia asijali, mwanangu, semina ni muhimu. Nikavua kandambili, nikaingia hadi kifuani, nikatafuta ubao wa tatu kwa mguu. Ule ufa uliokuwa unapitisha kiganja, sasa unapitisha kidole gumba tu. Nikausikiliza kwa unyayo. Bado unakunywa. Wakae huko huko semina.